Kitengela haikosi vipaji, imekosa paa

Tangu Kenya, Uganda na Tanzania zilipokabidhiwa, mnamo Septemba 2023, jukumu la kuandaa kwa pamoja fainali za Kombe la Mataifa ya Afrika za mwaka 2027, mazungumzo ya michezo katika nchi hii yamekuwa ya viwanja vikubwa: viti elfu ngapi, nyasi za aina gani, mkandarasi amefika wapi. Sina ugomvi na viwanja vikubwa. Lakini mimi ni mkazi wa Kitengela, mwalimu mstaafu, na kutoka barazani pangu nimekuwa nikitazama mchezo mwingine ambao haumo katika hotuba za wakubwa. Mchezo huo ndio ulionisukuma kushika kalamu.

Kwa muda wa miaka miwili hivi wasichana wawili wa mtaa wetu walikuwa na desturi ya kufunga kamba ya katani kutoka kwenye nguzo ya tangi la maji hadi kwenye lango la jirani, kila jioni baada ya shule, wakacheza mpira wa vinyoya. Raketi zao zilikuwa za bei ya chini, zile zinazouzwa mbili mbili ndani ya mfuko wa nailoni, na kinyoya chao kilikuwa cha plastiki. Mwanzoni walipigiana wao kwa wao. Baadaye wakaanza kusimama upande mmoja na kuwaita wavulana wa mtaa wawakabili. Hapo ndipo nilipoanza kutazama kwa makini, kwa maana hakuna aliyewafundisha, nao walikuwa wamegundua wenyewe siri ya mchezo wa wawili wawili: mmoja anaposogea mbele karibu na wavu, mwenzake hurudi nyuma bila ya kuambiwa, mpira unapowaendea juu, wanatanuka kila mmoja kwa upande wake. Hawakuwa wakizungumza. Wavulana walikuwa wakipiga kelele wakati wote, na ndio walioshindwa.

Mwezi wa Februari baba wa mmoja wao alipoteza kibarua kiwandani, na jamaa nzima ikahamia Kajiado mjini kwa nyanya, mwendo wa kilomita 50 hivi kwa barabara ya Namanga. Yule aliyebaki hakuiacha raketi. Sasa hupiga kinyoya ukutani, peke yake, ukuta ukimrudishia. Nilipomuuliza habari za mwenzake alinijibu, “Mwalimu, huko naye hana wa kucheza naye.”

Jibu hilo lilinipeleka mbali, hadi Denmark, kwa mtu aitwaye Mathias Boe.

Msomaji asiyeufuatilia mchezo huu huenda hajapata kulisikia jina hilo, wala simlaumu. Mchezaji wa wawili wawili ndiye mchezaji asiyejulikana zaidi katika michezo yote. Mshindi wa mmoja kwa mmoja hupigwa picha akiwa peke yake, na jina lake likatajwa hata na watoto. Huyu mwingine hutajwa kwa jina la watu wawili, kama duka la ndugu. Boe alizaliwa Julai 1980 katika mji wa Frederikssund, mji mdogo kuliko Kitengela kwa mbali, na kwa miaka mingi jina lake halikutajwa bila ya kufuatwa na la Carsten Mogensen. Wawili hao walishinda mashindano ya All England mwaka 2011. Mwaka 2012 walikuwa mabingwa wa Ulaya, na katika michezo ya Olimpiki ya London mwaka huo huo waliwatoa Wakorea Jung Jae-sung na Lee Yong-dae katika nusu fainali iliyoamuliwa na pointi mbili tu, 22 kwa 20 katika seti ya tatu. Fainali waliwapoteza kwa Wachina Cai Yun na Fu Haifeng, wakarudi nyumbani na nishani ya fedha. Mwaka uliofuata walikuwa wa pili duniani mjini Guangzhou.

Kisha ikaja Januari 2014. Wakiwa mashindanoni Korea Kusini, Mogensen alianguka ghafla akapelekwa hospitali, ikagunduliwa kwamba damu ilikuwa imevuja katika ubongo wake. Alikuwa kijana wa miaka 30. Kwa miezi kadhaa haikujulikana kama angerudi uwanjani, na Boe, ambaye hakuwa na ugonjwa wowote, naye alikuwa amepoteza kazi yake kwa namna fulani, kwani nusu ya ustadi wake ilikuwa imelazwa hospitalini. Naomba tulitafakari jambo hili. Mkimbiaji akikosa mwenzake wa mazoezi atakimbia peke yake. Mwanandondi ataupiga mfuko. Lakini mchezaji wa wawili wawili, hata akiwa mzima wa afya, hawezi kuwa mchezaji bila ya mtu wa pili anayejua atasimama wapi.

Boe hakupiga ukuta. Katika miezi hiyo alicheza na Wadenmark wengine, kwa kuwa walikuwako: chama cha taifa kilikuwa na wachezaji wa kiwango chake waliokuwa wakifanya mazoezi chini ya paa moja naye. Mogensen alipona, akarudi, na Machi 2015 wawili hao walishinda All England kwa mara ya pili, wakiwashinda Fu Haifeng na Zhang Nan baada ya kupoteza seti ya kwanza. Mwaka 2017 wakawa mabingwa wa Ulaya tena. Boe alistaafu Aprili 2020, Olimpiki ya Tokyo ilipoahirishwa kwa sababu ya korona, na kuanzia mwaka 2021 akawa kocha wa Wahindi wawili, Satwiksairaj Rankireddy na Chirag Shetty. Mwaka 2023 vijana hao walitwaa dhahabu ya michezo ya Asia huko Hangzhou na wakawa jozi ya kwanza ya India kushika nafasi ya kwanza duniani. Ujuzi ule uliomea katika mji mdogo wa Denmark ukawa umevuka bahari.

Sasa najua kuna msomaji anayeuliza, Denmark inatuhusu nini? Inatuhusu kwa njia ambayo wengi wetu tumeisahau. Mwaka 1996, katika Olimpiki ya Atlanta, Poul-Erik Høyer aliipatia Denmark dhahabu katika mpira wa vinyoya. Siku hizo hizo Mdenmark mwingine, aliyekuwa bingwa wa dunia wa mita 800, alikuwa ameketi nje bila ya kukimbia, kwa sababu uraia wake mpya ulikuwa haujakamilika. Huyo alikuwa Wilson Kipketer, mzaliwa wa Nandi, aliyekwenda Denmark mwaka 1990 kama mwanafunzi. Mwaka uliofuata, 1997, aliandika rekodi ya dunia ya dakika 1:41.11 mjini Cologne, na rekodi hiyo ikadumu kwa jina la Denmark hadi Agosti 2010 ilipovunjwa na David Rudisha, Mmaasai wa Kilgoris. Rudisha huyo ndiye mlezi wa ile michezo ya Wamaasai iliyoanza Desemba 2012 huko Kimana, katika kaunti yetu hii ya Kajiado, ambapo morani hushindana kukimbia, kuruka na kurusha rungu badala ya kuwinda simba.

Nimeyasimulia hayo kwa sababu naamini mbio zimetuharibu akili. Tumezoea kuona bingwa akiota kama uyoga baada ya mvua, tukajiaminisha kwamba kipaji hujilea chenyewe, na kwamba kazi ya serikali ni kwenda uwanja wa ndege kumpokea kwa kibuyu cha maziwa. Hata katika mbio si kweli. Kipketer na Rudisha wote walipitia mikononi mwa Brother Colm O'Connell wa shule ya St. Patrick's, Iten, na bila ya shule hiyo huenda tusingewajua. Lakini walau mbio zina barabara, na barabara ya vumbi haina mlango wa kufungwa. Mchezo unaohitaji paa, wavu na mtu wa pili hauwezi kudanganywa hivyo. Usipopewa vitu hivyo vitatu, haupo.

Kwa nini paa? Kinyoya rasmi kina manyoya 16 na uzito usiozidi gramu tano na nusu. Anayeujua upepo wa nyanda zetu za Kapiti hahitaji maelezo zaidi. Upepo wa Kajiado ni mali. Huko Kipeto umewekewa mitambo 60 yenye uwezo wa megawati 100, na juu ya vilima vya Ngong imesimama mitambo ya kampuni ya Vestas, ambayo (msomaji asicheke) ni ya Denmark. Kwa hiyo Wadenmark wanaufahamu upepo wetu vizuri na wameutafutia kazi. Wao kwao huufungia nje, wakacheza ndani.

Denmark ina watu takriban milioni 6. Siri yao haiko katika miili wala katika chakula. Miji yao, hata midogo sana, ina kumbi za umma, na sheria yao ya mwaka 1991 juu ya elimu ya umma huzitaka serikali za mitaa ziwape vyama vya hiari nafasi ya kuzitumia kumbi hizo. Ukumbi ambao asubuhi ni wa shule, jioni ni wa chama cha mtaa. Mtoto wa karani na mtoto wa daktari hukutana humo, na humo humo mtoto humpata mwenzake. Bila ya kupuuza jitihada za Boe mwenyewe, nathubutu kusema kwamba kabla ya kumpata Mogensen alikuwa ameupata ukumbi.

Hapa kwetu mchezo huu umeishi kwa miaka mingi katika klabu za wanachama jijini Nairobi na katika kumbi za jamii ya Wakenya wenye asili ya Kiasia, ambao wanastahili shukrani kwa kuutunza. Lakini matokeo yake ni kwamba Mkenya wa kawaida huuona kuwa mchezo wa watu wenye gari. Na hali sivyo ulivyo! Huko Indonesia na Malaysia huchezwa vichochoroni na watoto wa wachuuzi.

Tuitazame Kitengela. Ardhi hii ilikuwa ranchi ya kikundi, chini ya ile sheria ya mwaka 1968, hadi ilipogawanywa kwa wanachama wake mwaka 1988. Muda si mrefu baadaye, mwaka 1990, nchi ikaanzisha mpango wa maeneo ya viwanda vya bidhaa za kuuzwa nje, Athi River ikachaguliwa, na watu wakaanza kutafuta mahali pa kulala karibu na kazi. Shamba likakatwa ekari, ekari ikakatwa ploti za futi 50 kwa 100, na hesabu ya watu ya mwaka 2019 ikatukuta tukiwa zaidi ya 154,000 katika mji huu, ndani ya kaunti yenye watu 1,117,840. Walionunua walinunua kwa haki yao, na waliouza waliuza kwa shida zao, simhukumu mtu. Ninachosema ni kwamba katika kukata huko kote hakuna aliyekuwa na wajibu wa kukumbuka kwamba watu hao wangezaa watoto. Leo ukipita mitaani utaona maghala, makanisa ya mabati, kumbi za harusi za kukodishwa kwa siku. Mapaa tunayo mengi. Ambalo mtoto aweza kuingia chini yake bila ya kulipa ndilo sijaliona mtaani kwangu.

Kisheria, jukumu hili si la Nairobi. Jedwali la Nne la Katiba ya mwaka 2010 liliziachia serikali za kaunti shughuli za michezo na vifaa vyake, na sheria ya mipango na matumizi ya ardhi ya mwaka 2019 imezipa mamlaka ya kuidhinisha ugawaji wa mashamba. Maana yake ni kwamba kila ramani ya ploti mpya hupitia mezani pa afisa wa kaunti, naye ana uwezo wa kuuliza: ya umma iko wapi? Ploti mbili za futi 50 kwa 100 zikiunganishwa hutosha viwanja vitatu vya wawili wawili, kwani uwanja mmoja una urefu wa mita 13.4 na upana wa mita 6.1 tu, na bado hubaki nafasi ya maliwato na ya kukaa wazazi.

Na jambo hili lina haraka sasa kuliko lilivyokuwa. Januari 2026 wanafunzi wa kwanza wa mtaala wa umilisi waliingia Gredi ya 10, na mmojawapo wa mikondo mitatu waliyotakiwa kuchagua ni ule wa sanaa na sayansi ya michezo. Serikali imemwambia mtoto wa Kitengela kwamba michezo ni somo sawa na fizikia. Ni neno jema. Lakini somo la fizikia huombewa maabara; la michezo limeombewa nini? Mpira wa vinyoya umo katika michezo ya shule za sekondari za Afrika Mashariki, na mtoto wetu akipelekwa huko atasimama kwa mara ya kwanza ndani ya ukumbi usio na upepo, ashangae kwamba kinyoya kinakwenda pale alipokipiga.

Niliyazungumza haya majuzi na mzee mmoja wa Kikaputiei, jirani yangu, aliyekuwa mwanachama wa ranchi ile. Alinisikiliza hadi mwisho, kisha akasema, “Mwalimu, mimi nimezika ng'ombe katika ule ukame. Mke wangu hununua maji ya bauza. Wewe waniletea habari za manyoya?” Sikuwa na jibu la haraka, na sitajifanya kwamba ninalo kamili leo. Ukame wa miaka ya 2020 hadi 2023 uliwafilisi wafugaji wengi wa Kajiado, na anayesema maji yatangulie ana haki. Iwapo kaunti ingetakiwa kuchagua kati ya kisima na ukumbi, ningepigia kisima kura.

Walakini sidhani kwamba huo ndio uchaguzi tulionao. Kumbi za shule zitajengwa, kwa kuwa shule za sekondari zinaongezewa majengo kwa ajili ya mtaala huo mpya. Swali ni kama zitajengwa za dari ya chini, za kulia chakula na kuhutubiwa na wageni, au zitainuliwa hadi mita tisa na kuchorwa mistari sakafuni. Tofauti ya gharama ipo, ila si sawa na kujenga jengo la pili. Swali jingine ni la ufunguo. Nilipokuwa nikifundisha, shule moja niliyofanyia kazi ilikuwa na ukumbi mzuri uliofungwa kwa kufuli kuanzia saa kumi jioni na likizo nzima, eti watoto wasiharibu sakafu. Sakafu ilibaki safi kabisa. Kaunti ikizungumza na bodi za shule, ikalipa mlinzi na umeme wa saa tatu za jioni, itakuwa imepata ukumbi bila ya kununua hata ploti moja. Mnamo mwaka 2019 shirikisho la dunia lilizindua aina ya mchezo huu ya kuchezewa nje, yenye kinyoya kinachostahimili upepo wa wastani, nayo yaweza kutusaidia huku tukingoja, ingawa upepo wa Kitengela ukifika saa kumi na moja si wa wastani.

Tena yule mzee, baada ya kunikemea, aliniuliza swali ambalo lilinipa moyo. Alitaka kujua kama msichana akiwa na mwenzake wa mchezo, na siku moja asionekane uwanjani, mwenzake atakwenda kumuuliza nyumbani. Nikamwambia ndiyo, lazima, kwa sababu bila yeye hakuna mchezo. Akakaa kimya kidogo. Ana wajukuu wa kike watatu huko Kenyawa, na mahali ambapo binti aweza kutoweka shuleni muhula mmoja akaolewa bila ya mtu kuuliza, kuwako kwa mtu mmoja anayemngoja saa kumi na moja si jambo dogo. Sikuwa nimeliwaza hilo. Nilikuwa nikiwaza nishani.

Makadirio ya bajeti ya kaunti hutakiwa kufikishwa mbele ya bunge la kaunti kabla ya mwisho wa Aprili, na wananchi huitwa kutoa maoni. Mikutano hiyo nimeihudhuria mara mbili. Mara zote mbili ukurasa wa michezo ulisomwa mwisho, watu wakiwa wameanza kutafuta viatu, na fedha zilizotajwa zilikuwa za jezi na mipira ya kandanda. Safari hii nitakwenda mapema niketi mbele, na nimemwomba mzee afuatane nami, naye amekubali kwa sharti kwamba tuanze na maji.

Yule msichana wa ukutani amepata habari kwamba kaka yake atakwenda Kajiado mwisho wa mwezi. Amenunua kinyoya kipya ili ampelekee mwenzake, na jana alikuja kuniuliza kama nina bahasha ngumu, kisije kikapondeka ndani ya matatu.